Siku Kompyuta Ilipokataa Ufunguo

Kompyuta ya gereji yetu pale Tukuyu haipimi gari mpaka uichomeke kidude cheusi kinacholingana na kidole gumba. Hicho ndicho ufunguo wa leseni. Bila hicho, programu ya kusomea hitilafu inabaki picha tu. Ijumaa moja asubuhi nilikichomeka, yakatokea maandishi mekundu: ufunguo haujaonekana. Nikakichomoa, nikakirudisha. Haujaonekana.

Nje palikuwa na pikapu ya mteja aliyetoka kijiji cha Kinyala, taa ya injini inawaka, mwenyewe amekaa kwenye benchi akiniangalia. Nilijaribu matundu yote matatu. Nikazima, nikawasha. Nikaifuta programu ndogo inayoutambua ufunguo, nikaiweka upya. Taa ya kijani kwenye kidude haikuwaka hata mara moja.

Hapo nikaanza kuwaza vibaya, na mimi nikianza huwa siachi. Gereji tuko wawili. Mwenzangu ni fundi umeme, Mwislamu ambaye babu yake alitoka pwani, na tumefanya kazi pamoja miaka mingi bila ugomvi. Wiki ile aliniuliza kidude kile kinanunuliwa wapi. Tena alikuwa akipigiwa simu na mtu wa Mbeya, anatoka nje kuongea hata mvua ikinyesha. Nikajumlisha mwenyewe: anafungua gereji yake, ameuchukua ufunguo wetu na kuniwekea mbovu.

Sikumuuliza. Nilisubiri aende kuswali, nikafungua begi lake. Chini ya taulo nikakuta kidude cheusi. Nilipandwa na hasira na, niseme ukweli, nilifurahi kwamba nimepatia. Nikakichomeka, nikabonyeza kilichotokea. Kaswida ikaanza kuimba gereji nzima. Ilikuwa flashi yake ya kawaida. Nikiwa nahangaika kuizima nikamwona amesimama mlangoni, kofia kichwani, anaangalia begi lake lililo wazi mezani.

"Unatafuta nini, kaka?"

"Ufunguo hauonekani," nikasema.

Alikichukua kidude chetu, akakielekeza kwenye mwanga, akakinusa.

"Nani kapaka grisi humu?"

Ni mimi. Jana yake, kabla ya kufunga, nilikipaka kwa mkono wangu, maana unyevu wa huku unakula kila chuma, na vichwa vya betri tunavilinda hivyo hivyo. Haikunijia kabisa kwamba grisi ndiyo inayozuia umeme usipite.

Alikifuta kwa spiriti na kitambaa safi, akaacha kikauke, akachomeka. Taa ya kijani ikawaka. Mteja akapiga makofi. "Ndaga fijo, mafundi!" akatushukuru kwa Kinyakyusa.

Mwenzangu hakucheka. "Yule wa Mbeya anatutafutia ufunguo wa akiba," alisema taratibu. "Nilitaka nikuambie ukishapatikana."

Niliona aibu mpaka nikakosa pa kutazama. Nilimwomba radhi siku ile, na kesho yake tena. Alisema yameisha, na kazi tunaendelea nayo vizuri tu.

Ila kila jioni kabla ya kuondoka huliweka begi lake mezani mbele yangu, akalifungua, akasimama. Nimemsihi aache.

"Angalia tu, kaka," hunijibu, na halifungi mpaka niangalie.