Baba Mkwe na Pampu ya Petroli

Mwanangu, mjukuu wangu, kuna asubuhi moja ambayo haijanitoka kichwani mpaka leo, na kila inaponijia nasema alhamdulillahi hata kama niko katikati ya kula. Ni asubuhi niliyotoka kijiji cha Tunda kwenda mjini Kindu na gari chakavu, na pembeni yangu ameketi mtu niliyemwogopa kuliko watu wote: baba wa msichana niliyetaka kumwoa.

Ilikuwa enzi ya Wabelgiji. Nilikuwa dereva wa mfanyabiashara mmoja Mgiriki pale Kindu, mtu wa kelele nyingi lakini moyo wake haukuwa mbaya. Alikuwa na gari dogo la mizigo, kuukuu, lililokwisha kuzeekea mashambani kabla hajalinunua. Aliniazima tangu siku iliyotangulia, nilale Tunda, kwa sharti moja, kwamba siku ya kurudi, kabla ya jua kuzama, liwe limesimama uani kwake. Bibi yenu Zaituni, ndiye msichana mwenyewe, alikuwa anakaa Kindu kwa mama yake mdogo. Baba yake, Mzee Ramazani, alikuwa mkulima wa mpunga huko Tunda, na ndiye walii wake wa ndoa. Bila yeye, au neno lake, shehe hawezi kusoma ndoa. Tulikuwa tumepanga isomwe Ijumaa hiyo baada ya alasiri, kwa sababu mwezi wa Ramadhani ulikuwa unakaribia kuandama, na mzee alikuwa na ruhusa fupi ya kutoka kijijini. Siku hizo mtu hakutembea alivyotaka, mwanangu. Ulitembea kwa karatasi ya serikali.

Tena mzee hakuwa amekubali. Alikuwa ametuma ujumbe kwa mdomo wa mpwa wake: atakuja, lakini kwanza amuone huyo dereva kwa macho yake, ajue ana heshima au hana. Akiona hana, atageuza, na binti yake ataondoka naye. Kwa hiyo ile safari haikuwa safari tu. Nilikuwa napimwa kila kilomita.

Ninyi vijana wa leo mnakaa na wakwe zenu sebuleni mnacheka pamoja, na mimi sisemi kitu. Zamani zetu, mkwe alikuwa mtu wa kukwepwa. Humwiti jina. Huli mbele yake. Ukikutana naye njiani unamwachia njia, unainamisha kichwa. Na kumtuma, kumwambia mkwe "niletee kile" au "shika hiki", hilo halikufikirika hata kidogo. Niliendesha gari tangu alfajiri nikimjibu "ndiyo, baba" na "hapana, baba", basi. Kohozi lilinikaba, nikalimeza.

Tulipopita mji wa Kibombo, kwenye kilima kimoja chenye msitu pande zote mbili, gari likaanza kukohoa. Likajisukuma kidogo, likakata nguvu, likajisukuma tena, halafu likazima. Nikaliacha lirudi nyuma taratibu mpaka mahali pa tambarare. Baada ya kupumzika kidogo likawaka, likaenda mwendo mfupi, likafa tena. Safari hii halikuamka.

Nikafungua boneti. Kwanza nikatumbukiza kijiti kwenye tangi: petroli, ambayo sisi huiita esansi, ilikuwepo ya kutosha. Nikatoa plagi, nikazipangusa, nikazirudisha. Cheche zilikuwepo. Kwa hiyo swali likawa moja, je, petroli inafika kwenye kabureta?

Kulijua hilo si kazi ngumu. Unalegeza bomba linaloingia kwenye kabureta, unalielekeza ndani ya kopo. Mtu mmoja anasimama mbele ya gari na ile fimbo ya chuma tuliyoiita manivela, anazungusha injini. Mwingine anatazama mdomo wa bomba. Petroli ikiruka kwa nguvu, pampu ni nzima. Isiporuka, umempata mgonjwa wako. Fundi wangu wa gereji, mtu ambaye namwombea dua mpaka leo, alinifundisha hivyo tangu mwanzo, na akasisitiza kwamba macho yawe kwenye bomba wakati injini inazunguka, si baadaye.

Sasa wewe fikiri. Watu wawili wanahitajika, na pale barabarani tuko wawili, na wa pili ni mkwe. Amekaa kwenye mkeka wake ukingoni mwa njia, kanzu yake nyeupe imepigwa pasi vizuri, anavuta kiko. Nimwambie yeye azungushe manivela? Afadhali ningekula udongo.

Nikafanya peke yangu. Nikazungusha manivela, nikaitupa chini, nikakimbia kuchungulia bomba. Nikaukuta mdomo wake una unyevu. Nikajiambia, basi petroli inafika, ubaya uko ndani ya kabureta. Ule unyevu ulikuwa wa masalio tu, lakini mtu anayechungulia baada ya jambo kupita ataona nini? Nikaifungua kabureta yote. Nikapuliza vitundu vyake kwa mdomo, nikaifunga, nikazungusha. Kimya. Nikaifungua tena. Jua lilikuwa limepanda, shati limegandamana na mgongo, na gari la Mzungu mmoja likapita likatumwagia vumbi bila hata kupunguza mwendo.

Mzee akatoa kiko mdomoni.

"Baba dereva," akasema. "Ile kazi inaomba watu wangapi?"

Nikainamisha kichwa. "Wawili, baba."

"Na siye hapa tuko wangapi?"

"Wawili, baba."

"Sasa ni juu ya nini unakimbia-kimbia sawa kuku? Heshima yako njo itatulaza mu pori?"

Na kweli, heshima yangu ndiyo ilikuwa inakaribia kutulaza porini. Mzee akainuka, akakung'uta kiko, akakiweka mfukoni, akakunja mikono ya kanzu, akaenda mbele ya gari, akaishika manivela. Mwanangu, nilitaka ardhi inimeze. Lakini alikuwa na mikono ya mtu aliyelima maisha yake yote, na alipozungusha, injini iligeuka kwa nguvu kuliko nilivyoigeuza mimi. Nikatazama bomba. Likatoa tone moja, likakauka. Akazungusha tena. Hakuna kitu. Nikainama kuitazama pampu yenyewe, pale ilipofungwa ubavuni mwa injini, nikaona petroli inachuruzika kutoka kwenye kitundu kilicho chini yake. Hapo nikaelewa. Ndani ya pampu kuna ngozi laini inayopanda na kushuka, inayoivuta petroli na kuisukuma. Ngozi ile ilikuwa imepasuka. Kila mzee alipozungusha, petroli ilimwagika chini badala ya kwenda mbele, ikanilowesha mikono mpaka viwiko.

"Nimeipata, baba!" nikasema. Kwa furaha nilisahau kuinamisha kichwa.

Mzee akaja aone. Alikuwa amechoka, anahema, na mtu aliyechoka hutafuta starehe yake bila kufikiri. Nilipogeuza uso alikuwa ameinama juu ya injini karibu nami, kiko kimerudi mdomoni, kiberiti mkononi, na kijiti tayari kimegusa ubavu wa kiberiti.

Hapakuwa na nafasi ya "samahani, baba". Nilipiga kelele ambayo nadhani ilisikika ng'ambo ya msitu. "Hapana washa! Rudi nyuma! Rudi!" Na mkono wangu ukatoka wenyewe, ukamsukuma kifuani. Akapepesuka, akarudi nyuma hatua kadhaa, akakaa chini barabarani kwa makalio.

Nikatazama chini. Kijiti kilikuwa kimeanguka bila kuwaka. Na kwenye ile kanzu nyeupe, katikati ya kifua, palikuwa na alama ya mkono wangu, vidole vyote vitano, nyeusi ya grisi.

Nimemtuma mkwe. Nimemfokea. Nimemgusa, nimemwangusha, nimemchafua. Hata kama ungekaa chini uyatafute makosa yote ambayo mtu anaweza kumfanyia mkwe, usingeyapata mengi zaidi. Nilipiga magoti, nikaanza kuomba msamaha, maneno yanagongana. Yeye akanitazama, akatazama ile petroli iliyolowesha mchanga chini ya gari, akatazama kiberiti. Akakirudisha mfukoni taratibu. 

"Maliza kazi," akasema mwishowe.

Chini ya kiti nilikuwa na pampu nyingine imezungushiwa gunia. Ilitoka kwenye gari la aina hiyohiyo lililokufa uani kwa Mgiriki, na ni yule fundi wangu aliyenilazimisha niwe natembea nayo. Nikaziba bomba la kutoka kwenye tangi kwa kijiti kilichofungwa kitambaa. Nikafungua bolti mbili, nikaitoa pampu mbovu. Karatasi ngumu inayokaa kati ya pampu na injini ilichanika, nikakata nyingine kwenye boksi la sukari tuliyokuwa tunaipeleka harusini. Halafu ikabaki sehemu yenye kuhitaji subira. Pampu ina mkono wa chuma unaoingia ndani ya injini na kusukumwa na nundu ya mhimili unaozunguka humo. Ukiilazimisha wakati nundu hiyo imeinuka, bolti hazishiki sawa, au unavunja mkono. Lazima injini igeuzwe kidogokidogo mpaka mkono uingie kwa hiari.

Safari hii sikusubiri kuulizwa. Nilisema kwa sauti ndogo, "Baba, naomba uzungushe. Polepole." Akazungusha. "Kidogo tena, baba. Simama." Mkono ukaingia, pampu ikakaa, nikakaza bolti zamu kwa zamu. Nikafunga mabomba. Akazungusha tena, na kikombe cha kioo kilicho juu ya pampu kikaanza kujaa, petroli inapanda safi mpaka juu. Nikamwona mzee ananyoosha shingo kukitazama kwa mbali, kiko hakipo mdomoni. Nilipovuta choki, kile kivuto cha kuamshia injini, na yeye akazungusha mara ya mwisho, gari likawaka likanguruma vizuri.

Kuanzia hapo mpaka Kindu niliendesha macho mbele tu. Nilijua yamekwisha. Nilikuwa napanga namna ya kumwambia Zaituni, na kila neno lilinishinda kabla sijalitamka.

Tukafika watu wametoka kuswali alasiri, uani kwa mama mdogo mikeka imetandikwa, wali unanukia. Mama mdogo alipoiona ile kanzu akashika kichwa, akakimbia kuleta nyingine ya marehemu mumewe. Mzee akakataa. Akaketi mbele ya shehe na alama yangu kifuani, kila mtu anaiona, kila mtu ananong'ona. Shehe akamuuliza kama yuko radhi kumwoza binti yake. Mimi nilikuwa natazama mkeka.

"Ngoja kwanza, shehe," mzee akasema. "Munaona huu mukono? Ni mukono ya huyu kijana. Leo amenipigia kelele mu barabara. Amenisukuma, nimeanguka."

Ua wote ukaguna. Mjomba mmoja akasimama.

"Kaa chini, sijamaliza. Nilikuwa na kiberiti, na esansi ilikuwa inamwangika pale. Miye sikujua. Kama yeye angeninyamazia juu ya heshima, leo mungesoma hitima ya watu wawili, hapana ndoa. Nilikuja kuangalia kama huyu anaogopa mukwe wake. Nimekuta muntu anayeogopa mukwe wake asife. Miye ninamupa mutoto wangu. Soma, shehe, wali inapoa."

Nililia mbele ya watu, mwanangu, na sikuona haya. Zaituni naye, aliyekuwa ndani na wanawake, alisikia kila neno kupitia dirishani. Na gari la Mgiriki nililifikisha uani kwake kabla jua halijazama. Tumeishi naye miaka mingi, na watoto wetu wote wamekua. Mzee alinitembelea kila baada ya mavuno mpaka alipofariki. Akija, tulikula sahani moja, jambo ambalo wazee wenzake walilishangaa sana.

Ninachokuambia ni hiki. Heshimu wakubwa, ndiyo, wala usimsikilize anayekudanganya kwamba heshima ni ya zamani. Lakini kazi ikihitaji watu wawili, sema inahitaji wawili. Usikimbie huku na huko ukijifanya unaweza, kwa sababu utakuwa unachungulia mambo yakiwa yamekwisha kupita, na utafungua kisichoumwa ukakiacha kinachoumwa. Anayekupenda hachukii kuombwa mkono. Na siku ukiona hatari inamkaribia mkubwa wako, usitafute maneno laini. Piga kelele. Kama ni mtu mwema atakuelewa, na asipokuelewa, angalau atakuwa mzima wa kukukasirikia.

Mimi nina shukrani, sina kingine. Nashukuru kwa fundi aliyenipa pampu kabla sijaihitaji, kwa mzee aliyekunja kanzu yake, na kwa mwanamke niliyempata. Mwenyezi Mungu akukutanishe wewe pia na watu wa namna hiyo. Akupe wakwe wanaoshika kazi pamoja nawe, akupe mikono inayojua inachofanya, na siku utakapolazimika kupaza sauti, asiizuie kooni mwako. Nenda salama, mwanangu. Amina.