Kazi ya Adui ni Kufa

Safari ya kuja Doha ilinipitisha miji mingi. Katika kila mmoja nilifanya kibarua, nikachoka, nikahama. Sasa nalinda ghorofa moja kwenye mtaa wa matajiri wa The Pearl. Jana televisheni kuukuu ya chumba cha walinzi ilipata joto, ikatoa harufu ya vumbi linaloungua, na kwenye kioo akatokea mzee wa Kijerumani akiigiza babu wa watu. Nilimtambua kwa pua yake iliyopinda.

Utotoni tulimtazama kwenye banda la video, ambako baba alitafsiri sinema kwa kipaza sauti. Mjerumani yule hakuwahi kuwa steringi, yule asiyekufa. Alikuwa daktari katili, afisa wa jeshi, jambazi, na kila mara aliuawa. Siku ya kwanza nililia kwa sauti.

"Wewe naye! Unamlilia adui?" baba akanicheka, banda zima likisikia. "Kazi yake ni kufa, mwanangu. Jumamosi utamwona tena."

Kweli, Jumamosi alirudi mzima, amefuga masharubu.

Kwa hiyo kifua kilipomuua baba, mimi sikulia. Wanaume walipoinua jeneza, shangazi alinishika bega.

"Lia, mwanangu. Baba ndiyo anaondoka hivyo."

"Si atarudi Jumamosi?"

Shangazi alifunika uso kwa kanga. Jeneza likatoka mlangoni, nami nikalipungia mkono.