Chozi la Mwenye Nyumba

Jukwaani aliwahi kuwa malkia, mjane na mchawi. Kwenye televisheni akawa mwanamke wa nyundo. Kwa miaka tisa mwigizaji huyu aliendesha kipindi cha kukarabati nyumba za watu kwa siku tatu, na tuseme kweli, hakuwahi kupigilia hata msumari mmoja. Mafundi walifanya kazi, yeye akajipaka vumbi shavuni. Ukuta usioonekana kwenye kamera haukupakwa rangi. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria ya kazi, na wenye nyumba waliigundua gari la mitambo likishaondoka.

Kipaji chake kilikuwa kingine. Siku ya tatu mlango ukifunguliwa, lazima mwenye nyumba alie. Asiyelia hunong'onezwa. Mwigizaji alikuwa ameshamdodosa mapema, kwa upole, habari za marehemu wake, na pale mlangoni alimtonesha kidonda kwa maneno mawili matatu. Watazamaji waliona furaha. Mafundi walimwita Kitunguu, naye alicheka nao.

Kisha watazamaji wakapungua, na mwongozaji wa kipindi akaanza kumjaribu binti mmoja mwenye meno mazuri kwenye nafasi ya Kitunguu. Unga ulikuwa unataka kumwagika. Ng'ombe akivunjika guu hukimbilia zizini: Kitunguu akaitoa nyumba ya mama yake ikarabatiwe.

Mama hakutaka. Jiko lake lilimtosha, na lile benchi la saruji alilojengewa na marehemu mumewe, fundi mwashi, ndilo alilokalia kila siku kumenya viazi. Lakini mwanawe alipomweleza kwamba kazi inamponyoka, akasema basi njooni, ila benchi msiliguse. Mwanawe akaahidi. Siku ya pili mwongozaji akasema benchi linaziba njia ya kamera. Kitunguu alisimama uani akisikia nyundo, huku akikariri maneno ya kufungulia kipindi.

Siku ya tatu mlango ukafunguliwa. Mama akatazama makabati meupe, kisha akatazama pale sakafuni palipobaki alama.

"Benchi liko wapi?"

Wakarudia. Mara ya nne macho yalikuwa bado makavu, na mwongozaji akamwambia Kitunguu, bila kupaza sauti, kwamba yule binti yuko nje garini, ameshapakwa poda.

Hofu ikamshika, na ni aibu kusema ilikuwa hofu ya nini. Haikuwa ya kumwumiza mama. Ilikuwa ya kulikosa hilo chozi. Akamkumbatia, akaziba kinasa sauti kwa kiganja, akanong'ona:

"Mama, asubuhi ile ya kifo cha Baba, uliporudi nyumbani kuoga, nesi wa hospitali alinipigia. Baba alikuwa anakuita wewe. Mimi nilikuwa kwenye usaili wa kipindi hiki, nikazima simu bila kukuambia."

Ilikuwa kweli tupu, na alikuwa ameificha miaka yote tisa.

Mama akalia. Alilia kwa sauti, na mafundi wakapiga makofi kama kawaida yao. Mwongozaji akainua kidole gumba, kisha akaashiria kwa mkono kwamba uso wa mama uko kivulini.

"Ni kweli, mwanangu?" mama akauliza.

Kitunguu akamshika mabegani, kwa ule upole wake wa kazini, akamgeuza aelekee kwenye taa.