Mwezi Ambao Hatujaufuta

Majuzi nilipita mtaani kwetu Kolwezi, karibu na mgodi wa Mutoshi, nikasimama mahali palipokuwa na jiko la Nkambo, mama wa mama yangu. Siku hizi pana shimo. Wamelifunika kwa turubai la rangi ya chungwa, na mvua za kwanza zilikuwa zimelijaza maji kama chai. Nikapiga picha, maana kazi yangu ni kuandika habari, kisha nikatambua kwamba habari hii sijaiandika kamwe. Nakusimulia wewe kwanza.

Jiko lilikuwa chumba cha matofali ya udongo nyuma ya nyumba. Asubuhi lilinuka makaa na ndakala, vile visamaki vikavu. Mchana Nkambo alitwanga sombe, majani ya muhogo, na mlio wa kinu ulifika hadi barabarani. Mimi na binamu yangu, msichana aliyenizidi kidogo kwa umri na sana kwa maneno, tulichota maji na kupepea mbabula, jiko la bati, mpaka makaa yashike. Tukipepea, tulitunga. Tulisema chini ya miguu yetu kuna nchi, ndiyo maana wakubwa wote wanachimba: wana haraka ya kufika. Watu wa huko walikuwa na ngozi ya kijani kama jiwe la shaba, na nguvu zao za ajabu zilibadilika mwezi kwa mwezi.

Kalenda yao tuliichora ukutani kwa unga wa lile jiwe la kijani, uliokorogwa na maji. Haikuwa na tarehe. Mwezi uliingia jambo lilipotokea. Upepo mkavu ukianza, ulikuwa Mwezi wa Vumbi: ukiingiwa na vumbi jichoni, unaona kilichomo ndani ya sufuria iliyofunikwa. Binkubala, wale viwavi wa kukaanga, wakifika sokoni, ulikuwa mwezi wa kuelewa mbuzi wanasema nini. Binamu yangu alitafsiri, na kumbe mbuzi wa mtaa wetu walikuwa wasengenyaji wakubwa. Umeme ukikatika, watu wa chini wameuchukua kupikia. Sheria ilikuwa moja: mwezi hautoki wenyewe. Lazima sisi wawili tuufute pamoja, kwa kitambaa kilicholoweshwa. Watoto wa mtaa mzima walipita kabla ya shule kuchungulia wako mwezi gani.

Halafu kinu kikaanza kulia vibaya. Nkambo alitwanga, akasimama, akakihamisha, akatwanga tena.

“Hapa chini iko wazi,” akasema. “Kitu inalia kama ngoma.”

Jirani yetu, kiongozi wa kwaya parokiani, alikuwa na shimo la madini ndani ya nyumba yake, kama wengi wakati ule, na vijana wa kumchimbia. Shimo lilifuata jiwe, likapita chini ya ukuta, likaja kwetu.

Binamu yangu hakulia. Alichora mdomo mkubwa, akaukata kwa mstari. Mwezi wa Vinywa Kufungwa: anayekula ardhi ya mwenzake hasalimiwi, na ardhi inasahau jina lake. Watoto wote walitii. Jirani alipita asubuhi akisubiri “jambo, tata” zake, salamu ya mtoto kwa mzee, akapata macho tu. Kwetu mtoto asiyesalimu ni aibu ya wazazi. Safari hii aibu ilihamia kwake. Jumapili, wakati wa kupeana amani, alishuka kutoka kwaya akanyoosha mkono kwenye benchi letu. Mikono yote ikaenda kwapani. Vijana wake wa shimoni waliona, na Jumatatu wakakataa kushuka. Walisema ardhi isiyokujua haikurudishi.

Jioni jirani akaja na kitenge kipya mkononi, vijana wake nyuma yake.

“Mama, batoto bako baliniacha na mukono hewani, mbele ya padiri!”

Nkambo alikuwa anachambua sombe. “Mukono ilikuwa safi?”

“Mama, iko kucheka?”

“Mi naulizia mukono. Udongo yenye iko mu makucha, ni ya kwako ao ya kwangu?”

Akaangalia makucha yake. Mwishowe akaapa, vijana wake wakisikia, kwamba asubuhi watashuka kujaza udongo pale walipotoboa.

“Basi,” Nkambo akasema, “batoto, kesho kisha masomo mutaufuta mwezi. Na kitenge yako, tata, urudi nayo.”

Vijana wakashuka asubuhi kwa sababu ya ahadi hiyo. Lakini jirani hakuwatuma kujaza. Aliwatuma wamalizie kutoa jiwe lililobaki. Tulirudi kutoka shuleni, binamu yangu ameshalowesha kitambaa kwenye bomba la barabarani, tukakuta vumbi limesimama mahali pa jiko na nusu ya nyumba. Nkambo alikuwa ameenda kuomba chumvi, ndicho kilichomwokoa; vijana walikuwa wameshapanda na mawe yao. Mbele ya chifu wa mtaa, jirani alisema nyumba za udongo huanguka, ni mvua. Ulikuwa wakati wa kiangazi. Chifu akaandika mvua.

Nkambo alihamia Mutshatsha kwa treni. Alifia huko, katika chumba cha watu, akiuliza kila anayetoka Kolwezi kama wameshamjengea tena nyumba yake.

Sasa mbuzi hakuna, mlio wa kinu hakuna, watoto wa pale wanajua malori tu. Jirani yupo. Nilipokuwa naangalia lile shimo alitoka kwenye nyumba yake ya ghorofa, mzee, anatembelea fimbo.

“Ni weye? Mutoto ya kwa mama? Jambo!”

Nikamwangalia.

“Hata leo haunisalimie? Juu ya michezo ya batoto?”

Nikaendelea kumwangalia mpaka akageuza uso, kisha nikaondoka. Nilimpigia simu binamu yangu, anaishi Sandoa. Aliuliza neno moja tu: “Ulimujibu?”

“Hapana.”

“Muzuri.”

Wenzangu wa kanisa wananiambia nimalize jambo hili, mtu amezeeka. Nawajibu kwamba mwezi hufutwa ukutani, na ukuta aliuangusha yeye. Kama kuna anayejua namna nyingine ya kuufuta, naomba asinifundishe.