Ndoo Mbili za Dympna

Zamu ya Misa ya nyumbani ilipomfikia Dympna Heneghan, alipaka rangi nyumba nzima, na banda la kuku pia, ingawa hakuna kuku aliyetarajiwa kukomunika. Chooni aliweka kiti kipya na sabuni ambayo mumewe, Malachy, alikatazwa hata kuinusa. Kijiji chote kingekuja, baada ya Misa kingekunywa chai, na baada ya chai kingeingia humo. Wifi yake Concepta angetangulia, si kwa haja bali kwa ukaguzi. Choo kikimshinda Dympna, parokia nzima ingepata habari kabla ya jua kuzama.

Asubuhi ya siku yenyewe bomba kuu la kijiji likapasuka. Dympna hakulia, machozi hayavuti choo. Maji ya chai yalikuwemo kwenye birika. Akakomba pipa la mvua, akapata ndoo mbili za kumwagia chooni, akaziweka karibu na mlango wa choo na kuzifunika vitambaa vyeupe vilivyotariziwa, wageni wasijue ni za nini.

Padri Tiernan naye hakujua. Misa ilipokwisha akauliza maji ya kubariki yako wapi, akaona vitambaa, akajijibu mwenyewe. Dympna anafungua mdomo, ndoo zote mbili zimeshabarikiwa.

"Hongera, wifi," Concepta akanong'ona. "Kumbe choo chako kitavutwa na malaika."

"Tuyamwage tu chooni, mke wangu," Malachy akasema. "Nani atajua?"

"Mungu," akajibu Concepta. "Na mimi."

Chai ikanywewa. Padri alikuwa kwenye kikombe cha tatu, magoti ameyabana. Dympna akapiga makofi.

"Jamani! Maji ya baraka haya, ya leo leo, hayajalala. Anayetaka chupa aniletee ndoo ya maji ya kijitoni. Ndoo kwa chupa."

"Dhambi!" Concepta akadakia. "Maji ya baraka hayauzwi!"

"Nani kauza, wifi? Nawapa zawadi, nao wananipa zawadi. Ya kwao nzito kidogo tu."

Mzee Festus akakuna kidevu. "Nina ng'ombe mgonjwa. Ndoo mbili, chupa tatu."

"Chupa mbili, mzee wangu, na ndoo zijae."

"Mwanamke huyu! Haya, lete ndoo."

Wakateremka kijitoni na viatu vyao vya Misa. Ndoo ya kwanza alipewa Padri, na choo kiliponguruma sebule nzima ilisikia, Dympna akaendelea kukata keki kama asiyesikia.

Concepta alikalia kiti chake na msimamo wake, mpaka chai nayo ikaanza kumdai. Akanyanyuka.

"Wifi, naomba kuingia msalani."

"Karibu sana, wifi. Kila mtu na ndoo yake."

"Na chupa yangu je?"

"Zimekwisha. Wenzio waliwahi."

Concepta akaitazama njia ya kijitoni, ndefu na ya tope. Akachukua ndoo.