Bikira wa Kiwandani Alivyokamatwa

Obdulia Temoxtle alishona zipu za jinzi miaka kumi na mmoja kwenye kiwanda cha Don Rutilio, hapa mjini Tehuacán, cherehani yake ubavuni mwa yangu. Siku alipodai malipo ya saa za ziada alifukuzwa kabla ya chakula cha mchana, na mlinzi akampekua mpaka sidiria eti asije akaiba uzi. Uzi jamani! Akaenda mahakamani. Kesi ikala miaka sita, yeye akifulia watu nguo, macho yote mawili yakifungwa na mtoto wa jicho. Daktari alishamwambia kinachosubiriwa ni pesa ya operesheni tu.

Mwishowe hakimu akatamka: kafukuzwa kwa dhuluma, alipwe mishahara yote aliyonyimwa. Don Rutilio hakutoa hata senti. Basi tarehe kumi Desemba Obdulia akaja na wakili wake na dalali wa mahakama, kukamata mali.

Don Rutilio akawapokea kwa kahawa, nyoka yule.

"Karibuni. Cherehani ni za kampuni ya shemeji yangu, karatasi hizi hapa. Jengo ni la kupanga. Kampuni iliyomfukuza mama huyu ilishakufa. Kamateni upepo!"

Dalali akazunguka weee, akaja kusimama mbele ya sanamu ya Bikira wetu wa Guadalupe kwenye kabati lake la kioo. Akainama kusoma kibao cha shaba. Kiliandikwa: mali ya kampuni ileile iliyokufa.

Kibao kile nilikiandikisha mimi. Sanamu tulinunua sisi washonaji kwa michango ya kila Jumamosi. Lakini kwetu sanamu haikai bila msimamizi, kama mtoto wa ubatizo. Tulimwomba Don Rutilio, akakubali, na sisi kwa kujipendekeza tukaweka jina la kampuni yake. Wajinga wakubwa sisi!

"Kitu ni hiki tu," dalali akasema. "Mama, unakitaka au hukitaki? Nikitoka mikono mitupu, sirudi tena."

Cherehani zikanyamaza. Wanawake arobaini wakasimama.

"Obdulia, thubutu!"

"Keshokutwa sikukuu yake, mlaaniwa wewe!"

Na mimi, niliyekula naye sahani moja miaka yote ile, nikamwambia, "Shoga, ukimgusa, macho hayo yaoze kabisa!"

Aligeuka kuitafuta sauti yangu, akawa anaitazama nguzo. "Wewe unaona, Tencha," akasema. "Ndiyo maana mdomo wako mwepesi." Kisha akamwambia dalali, "Mbebe."

Mnadani hakuna mtu aliyetaka sanamu ya ugomvi. Alinunua Don Rutilio peke yake, kwa peso mia tisa. Wakili akakata fungu lake na nauli, Obdulia akabaki na mia tano. Miaka kumi na mmoja ya kushona, sita ya kesi, halafu peso mia tano! Hata miwani hazinunui.

Siku Don Rutilio alipomrudisha Bikira kiwandani, tulimpokea kwa maua na tarumbeta. Watu walilia. Yule mwizi akaitwa mkombozi, naye akainamisha kichwa kwa unyenyekevu, mshumaa mkononi. Obdulia akaja akipapasa ukuta wa nje mpaka getini.

"Sitaki ugomvi," akasema. "Tiba nyingine sina tena. Niacheni nimwombe macho, dakika moja tu."

Wenzangu wakanitazama mimi, kwa kuwa ndimi niliyekuwa karibu na komeo. Ningeweza kufungua. Nimejiambia mambo mengi tangu siku ile, eti nilikuwa naogopa kazi yangu, eti watoto, uongo mtupu. Nilikuwa namchukia kwa sababu kosa la kile kibao lilikuwa langu.

"Tencha?" akaita. "Ni wewe hapo, mwenzangu?"

Nikasukuma komeo mpaka mwisho, nikarudi ndani kupanga foleni ya kumbusu Don Rutilio mkono.