Machozi ya Boma

Daraja la serikali kwenye njia ya Mhunze lilikuwa limeoza, na mwaka 1954 likavunjika, likamuua Pantaleo na ng'ombe wake wa mkokoteni. Mwaka uliofuata karani wa boma, ofisi ya serikali ya wilaya, akamletea mjane, Zipora, fidia.

Zipora hakuigusa. "Kwetu aliyeua huja kulia kwanza, ndipo alipe. Serikali yako imelia lini?"

"Serikali hailii, mama."

"Si ndiyo iliyokutuma? Basi lia wewe!"

Karani akavua viatu, akaketi chini. Akamkumbuka marehemu baba yake, machozi yakamtoka kweli. Zipora akalia naye, kisha akaipokea fidia, akamtengea ugali na maziwa.

"Kula, mwanangu. Ukirudi usipite darajani, bado hawajalitengeneza. Nawe una mama."